Je, Wajua? Jino la Mbele Lilikuwa Silaha

Je, wajua kwamba katika Uingereza ya karne ya 13 kumvunja mtu jino la mbele lilikuwa kosa zito kuliko kumvunja gego? Kitabu kikubwa cha sheria kinachobeba jina la Henry de Bracton, jaji aliyefariki mwaka 1268, kinalieleza jambo hili bila kigugumizi. Meno ya mbele humsaidia mtu kumshinda adui. Magego hayana msaada huo. Aliyevunjwa jino la mbele alihesabiwa kuwa amelemazwa. Aliyevunjwa gego alihesabiwa kuwa ameumizwa tu.

Kosa hilo la kulemaza liliitwa “mayhem”, neno ambalo ulimi wa Mswahili ungelitamka “meihemu”. Siku hizi wasemaji wengi wa Kiingereza hulitumia kwa maana ya vurugu na tafrani. Maana hiyo ni changa. Kwa mamia ya miaka lilikuwa neno la mahakamani, na lilikuwa na maana moja iliyobana sana: kumnyima mtu, kwa nguvu, matumizi ya kiungo kinachomwezesha kupigana. Sheria haikuuliza kama aliyeumia bado angeweza kulima, kusuka, kupika au kumbeba mtoto wake. Iliuliza kama bado angeweza kushika upanga.

Je, wajua neno lenyewe lilitoka wapi? Lilivuka bahari pamoja na Wanormani, walioiteka Uingereza mwaka 1066. Baada ya ushindi wao, Kifaransa kikawa lugha ya wenye nguvu na baadaye lugha ya mawakili. Katika Kifaransa hicho cha kale mlikuwa na kitenzi “mahaignier”, yaani kumtia mtu kilema. Kitenzi hicho kiliwazalia Waingereza maneno mawili: “mayhem”, lililobaki na wanasheria, na “maim”, lililotumiwa na kila mtu. Ni ndugu wa tumbo moja. La mahakamani lilihifadhiwa na maandishi, na la mitaani likasuguliwa na ndimi hadi likabaki silabi moja.

Je, wajua kwamba neno moja lililokosekana liliweza kuiangusha kesi nzima? Kumbukumbu za mahakama za Uingereza ziliandikwa kwa Kilatini hadi mwaka 1733, na kwa kuwa Kilatini cha Warumi hakikuwa na neno hilo la Kinormani, makarani walijiundia lao: “mahemiavit”, yaani “alilemaza”. Edward Coke, jaji mashuhuri wa mwanzoni mwa karne ya 17, aliandika kwamba neno hilo halina badala. Hati ya mashtaka iliyolikosa haikusimama, hata kama karani angeeleza kwa kirefu mkono ulikatwa wapi, saa ngapi na kwa shoka gani. Nafikiria mtu anayefika mbele ya jaji mkono mmoja haupo, kila aliye ukumbini akiona, na kesi yake ikaanguka kwa sababu ya neno la Kilatini ambalo yeye mwenyewe asingeweza kulisoma. Hiyo haikuwa haki, na sioni sababu ya kuipamba kwa kuwa ni ya zamani.

Orodha ya viungo vilivyohesabiwa aliiacha William Blackstone katika juzuu ya nne ya kitabu chake cha sheria za Uingereza, iliyotoka mwaka 1769. Mkono umo. Kidole kimo. Jicho limo, jino la mbele limo. Zimo pia sehemu za siri za mwanamume, kwa hoja kwamba mnyama yeyote anayezipoteza hupoteza na ukali wake. Sikio halimo! Pua haimo pia! Mtu asiye na sikio au pua, walisema, ameharibiwa sura tu, na hajapungukiwa nguvu za kupigana.

Kwa nini sheria ilikuwa hivyo? Kwa sababu kila mwanamume mwenye nguvu alikuwa akiba ya mfalme. Sheria ya Winchester ya mwaka 1285, enzi ya Edward I, iliamuru kila mwanamume wa kati ya miaka 15 na 60 awe na silaha nyumbani kulingana na mali yake: tajiri awe na farasi, upanga na vazi la chuma, maskini awe walau na upinde na mishale. Ukimkata mkono jirani yako, ulikuwa umempunguzia mfalme askari. Ndiyo maana kosa hili, ambalo kwetu linaonekana kuwa jambo kati ya mpigaji na mpigwaji, lilihesabiwa kuwa hasara ya taji.

Na je, wajua kwamba hata mwenye mkono hakuruhusiwa kuukata? Mwaka 1613, katika jimbo la Leicester, alishtakiwa kijana mmoja aliyeitwa Wright. Alikuwa na afya na nguvu, lakini alitaka kuishi kwa kuombaomba, na ombaomba mwenye mikono miwili hapewi kitu kwa urahisi. Akamwomba rafiki yake amkate mkono wa kushoto. Rafiki akamkata. Coke, aliyeirekodi kesi hiyo, anasema wote wawili walishtakiwa na kutozwa faini, aliyekata na aliyekatwa. Ridhaa ya Wright haikumwokoa yeyote, kwa kuwa viungo vya raia vilikuwa chini ya ulinzi wa sheria ili aweze kumtumikia mfalme na nchi.

Kesi ya Wright haijafa. Mwaka 1993 majaji wa Baraza la Malodi, iliyokuwa mahakama ya juu kabisa ya Uingereza, walipoulizwa kama mtu mzima anaweza kuridhia kuumizwa, walirudi hadi kwenye kanuni za kale za kulemaza kabla ya kujibu kwamba, kwa sehemu kubwa, hawezi.

Hofu ya watu kujikata ili kukwepa jeshi ni ya kale kuliko Wanormani. Suetonius, mwandishi wa maisha ya watawala wa Roma, anasimulia kwamba Kaisari Augusto alimuuza utumwani bwana mmoja wa tabaka la juu kwa kuwa aliwakata wanawe wawili vidole gumba wasiandikishwe jeshini. Karne kadhaa baadaye, katika enzi ya Theodosius, sheria ilibadilisha mbinu: aliyejikata kidole alichukuliwa jeshini hivyohivyo, na mwenye shamba aliyedaiwa askari mmoja alitakiwa kuleta walemavu wawili mahali pa mzima mmoja. Kwa dola, mtu alikuwa amegeuka nusu askari.

Je, wajua kwamba sheria ya kale zaidi iliyopo kwa Kiingereza ni, kwa sehemu kubwa, bei ya viungo vya mwili? Ni ya Æthelberht, mfalme wa Kent, kusini-mashariki mwa Uingereza, yapata mwaka 600, na imehifadhiwa katika kitabu kilichonakiliwa Rochester katika karne ya 12. Kidole gumba, shilingi 20. Kucha ya gumba, shilingi 3. Kidole cha shahada, ambacho wao walikiita kidole cha kupigia mshale, shilingi 9. Cha kati, 4. Cha pete, 6. Kidole cha mwisho, 11! Jicho, shilingi 50, na mguu hivyohivyo. Kila moja ya meno manne ya mbele, shilingi 6, kisha bei inashuka kadiri unavyokwenda nyuma ya kinywa. Kiungo cha uzazi kililipiwa mara tatu ya bei ya mtu mzima aliyeuawa.

Naomba usipite haraka kwenye sikio. Kwa Æthelberht, sikio lililokatwa ni shilingi 12. Lakini likiwa limeumizwa hadi halisikii kitu, ni shilingi 25. Yaani miaka mia sita kabla ya Bracton, watu wa Kent walijua kwamba hasara iko katika kusikia zaidi ya nyama iliyokatwa, na walimlipa aliyeumia mwenyewe. Aliyesema vibaya baada ya kupigwa, ulimi ukimkwama, alilipwa shilingi 12. Wale waliokuja baadaye na mapanga na Kilatini chao waliufuta ufahamu huo, wakabaki na swali la vita peke yake. Kwangu mimi sheria ya mwaka 600 ina utu kuliko ya mwaka 1250, na wazo kwamba sheria huwa bora kadiri miaka inavyosonga halina ushahidi hapa.

Wasomaji wa pwani watakuwa wameshaikumbuka dia. Katika fikihi ya Kiislamu, dia kamili ya mtu ni ngamia 100, jicho moja ni nusu yake, jino ni ngamia 5, na kila kidole ni ngamia 10. Kila kidole! Mafundisho yaliyopokewa kwa Ibn Abbas yanasema wazi kwamba gumba na kidole cha mwisho ni sawa. Na jino la mbele na gego hivyohivyo: ngamia 5 kwa 5. Bracton angeshangaa.

Warumi nao, katika Meza Kumi na Mbili za mwaka 451 na 450 kabla ya Kristo, waliagiza kwamba aliyevunja kiungo cha mwenzake avunjwe na yeye, isipokuwa wapatane. Mfupa ulikuwa na bei: sarafu 300 kwa mtu huru, 150 kwa mtumwa. Kofi au fedheha ndogo, sarafu 25. Bei ya kofi ilibaki hivyo wakati thamani ya sarafu ikiporomoka, na mwandishi Aulus Gellius anatusimulia juu ya tajiri aliyeitwa Lucius Veratius, aliyekuwa akitembea barabarani akiwazaba makofi watu huru. Nyuma yake alifuata mtumwa mwenye mfuko wa fedha, akimhesabia kila aliyezabwa sarafu zake 25 papo hapo. Kisa hicho kinaelezwa kuwa sababu mojawapo ya maliwali wa Roma kuachana na bei maalumu na kuwapa majaji uwezo wa kukadiria fidia kesi kwa kesi.

Tukirudi Uingereza: adhabu ya kale ya “mayhem” ilikuwa kiungo kwa kiungo. Umekata mkono, ukatwe mkono. Ilikufa yenyewe bila kufutwa, na Blackstone anatoa sababu mbili. Ya kwanza, kisasi cha aina hiyo hakitoshi kuwa kipimo cha haki katika kila kesi. Ya pili ni ya kimahesabu: mtu akirudia kosa lilelile, utamkata nini tena? Faini na kifungo vikachukua nafasi.

Sababu hiyo ya kwanza ilishajadiliwa na Wagiriki. Demosthenes, msemaji mkuu wa Athens, anasimulia habari za mji wa Locri, ambako anayetaka kupendekeza sheria mpya alisimama na kitanzi shingoni. Pendekezo likikataliwa, kitanzi kinavutwa. Sheria yao ilisema aliyetoboa jicho la mtu atobolewe jicho. Palikuwa na mtu mwenye jicho moja, na adui yake akamtishia kwamba atalitoboa hilo moja lililobaki. Yule mtu akaona hatari yake: adui angelipa jicho moja na kubaki anaona, naye angebaki gizani kabisa. Akakubali kitanzi shingoni, akapendekeza kwamba anayemtoboa jicho mtu mwenye jicho moja atobolewe yote mawili. Alishinda. Demosthenes anasema ndiyo sheria mpya pekee iliyopita Locri kwa zaidi ya miaka 200.

Na je, wajua kwamba hoja ya mtu wa Locri ilishinda tena London? Katika kesi ya Paris dhidi ya Baraza la Stepney, iliyochapishwa mwaka 1951, fundi wa gereji ambaye tayari alikuwa haoni kwa jicho moja alikuwa akigonga bolti yenye kutu chini ya gari. Kipande cha chuma kiliruka kikaingia kwenye jicho lake zima. Mwajiri alijitetea kwamba si kawaida kuwapa mafundi wa kazi ile miwani ya kinga. Baraza la Malodi lilijibu kwamba mwajiri aliyejua hali ya mfanyakazi huyu alipaswa kupima hasara ambayo yeye angeipata. Kwa mwenye macho mawili, jicho moja likipotea ni msiba. Kwa huyu ulikuwa upofu. Kesi hiyo bado husomeshwa katika vyuo vya sheria vya Afrika Mashariki, na inastahili.

Mambo mawili ya haraka kuhusu mahakama za zama za kati. Mtu aliyelemazwa aliweza kumshtaki mwenyewe aliyemlemaza, na kwa kawaida mashtaka kama hayo yaliamuliwa kwa pambano la silaha kati ya wawili hao. Lakini mwenye kidonda cha “mayhem”, sawa na mwenye miaka 60 na zaidi, aliweza kukataa pambano. Kwa hiyo ukubwa wa jeraha uliamua pia njia ya kesi. Pia majaji walikuwa na mamlaka ya kuliangalia jeraha kwa macho yao na kuongeza fidia iliyotolewa na wazee wa baraza kama waliiona ndogo. Mashtaka hayo ya mtu binafsi, pamoja na haki ya kuamua kesi kwa pambano, yalifutwa mwaka 1819, baada ya mshtakiwa mmoja wa mauaji kuishangaza nchi kwa kudai apigane na mlalamikaji, na mahakama ikakubali kwamba sheria inampa haki hiyo.

Je, wajua sikio na pua ziliingiaje katika sheria? Kwa viraka. Mwanzoni mwa karne ya 15, enzi ya Henry IV, Bunge lililifanya kuwa kosa kubwa kumkata mtu ulimi au kumtoboa macho kwa makusudi, kwa sababu majambazi walikuwa wakimpora mtu kisha wanamkata ulimi asiweze kutoa ushahidi. Mwaka 1545, enzi ya Henry VIII, aliyekata sikio alitakiwa kumlipa aliyeumia mara tatu ya hasara yake na kumlipa mfalme paundi 10. Pua ilibidi isubiri hadi iwe pua ya mheshimiwa.

Mheshimiwa huyo ni Sir John Coventry, mbunge. Mwaka 1670 Bunge lilikuwa likijadili kutoza kodi kumbi za maigizo. Upande wa mfalme ukapinga, ukisema waigizaji ni sehemu ya starehe za mfalme. Coventry akasimama na kuuliza kama starehe hiyo ya mfalme iko kwa waigizaji wanaume au wanawake. Kila mtu Bungeni alijua kwamba Charles II alikuwa na wapenzi waigizaji. Usiku mmoja wa Desemba, askari wa kikosi cha mfalme walimvizia Coventry njiani akirudi nyumbani, akajitetea kwa upanga na mwenge, wakamzidi nguvu, wakamkata pua hadi mfupani. Bunge lilikasirika. Likapitisha sheria iliyokuja kuitwa kwa jina lake: anayemvizia mtu na kumkata ulimi, kumtoboa jicho, kumpasua pua, kumkata pua, mdomo au kiungo chochote, kwa nia ya kumlemaza au kumharibu sura, adhabu yake ni kifo. Kwa mara ya kwanza sura ya mtu ilipewa uzito uleule wa mkono wake wa upanga. Wanawake na maskini waliokuwa wamekatwa pua kabla ya hapo hawakuwa wamebadilisha sheria yoyote.

Na sheria hiyo ilileta utetezi ambao mimi huuona kuwa wa ajabu kuliko wote katika historia hii. Mwaka 1722, mjini Bury St Edmunds, alishtakiwa wakili aliyeitwa Arundel Coke pamoja na kibarua wake, John Woodburne. Coke alikuwa amemwalika shemeji yake, Edward Crispe, kwa chakula cha jioni, kisha wakiwa nje gizani Woodburne akamshambulia Crispe kwa kifaa cha kukatia matawi. Uso ulikatwakatwa na pua ikapasuliwa, lakini Crispe alipona. Coke alikuwa akiutazamia urithi wake. Mahakamani wakili huyu alisema hivi: sikukusudia kumlemaza, nilikusudia kumuua. Hesabu yake ilikuwa ya kisheria kabisa. Kujaribu kuua, wakati ule, hakukuwa na adhabu ya kifo. Kulemaza kwa kuvizia kulikuwa nayo. Baraza la wazee halikushawishika kwamba mtu anaweza kukusudia kuua kwa kukata uso bila kukusudia kuukata huo uso. Wote wawili walinyongwa.

Sheria ya Coventry ilifutwa mwaka 1828. Ile iliyopo leo Uingereza ni ya mwaka 1861, na neno “maim” lilikaa ndani ya kifungu chake cha 18 kwa zaidi ya karne moja, hadi lilipoondolewa mwaka 1967.

Ng'ambo ya bahari neno lilipata maisha mengine. Katika makoloni ya Amerika palizuka mapigano ambayo lengo lake lilikuwa kumng'oa mwenzio jicho kwa kidole gumba, na wapiganaji walifuga kucha kwa kazi hiyo. Virginia ilipitisha sheria ya kuzuia ulemazaji mwaka 1752, na mwaka 1772 ikalazimika kuongeza kwa majina: kung'oa jicho, kung'ata, kupiga mateke na kukanyaga. Thomas Jefferson, katika muswada alioutunga mwaka 1779, alitaka Virginia irudi kwenye kiungo kwa kiungo, na mlemazaji atoe nusu ya ardhi na mali yake kwa aliyeumia. Muswada haukupita. Nusu ya mali naiunga mkono mpaka leo.

California bado ina kosa linaloitwa “mayhem” katika kanuni yake ya adhabu ya mwaka 1872, na humo sikio, pua na mdomo vimo vyote. Massachusetts inalo pia, na kifungo chake kinaweza kufika miaka 20. Nevada inalo, na hapo msomaji mpenda ndondi atakumbuka usiku wa Juni 28, 1997, Las Vegas, Mike Tyson alipomng'ata Evander Holyfield akamtoa kipande cha sikio. Tume ya michezo ilimtoza Tyson dola milioni 3 na kumfutia leseni. Kwa kipimo cha Blackstone, Holyfield hakulemazwa hata kidogo: ngumi zake mbili zilikuwa bado zinafanya kazi.

Je, wajua kwamba swali la kazi badala ya vita liliulizwa katika sheria iliyoandikiwa India? Thomas Macaulay na wenzake walitunga rasimu ya Kanuni ya Adhabu ya India mwaka 1837. Ikapitishwa mwaka 1860. Waliyaweka kando maneno ya Kinormani na kuorodhesha aina za madhara makubwa: kupoteza jicho, kupoteza usikivu wa sikio, kuharibiwa sura kwa kudumu, kuvunjwa mfupa au jino, bila kuuliza jino lipi. Kisha wakaongeza jambo ambalo Bracton asingelielewa: jeraha linalomfanya mtu ashindwe kufuata shughuli zake za kila siku kwa siku 20. Kinyozi, mchuuzi, mama wa nyumbani, wote walikuwa na shughuli za kila siku. Sheria mpya ya India, iliyoanza kazi mwaka 2024, imezipunguza siku hizo hadi 15.

Kanuni hiyo ya India ilitumika Kenya, Uganda na Tanganyika hadi mwaka 1930, Wizara ya Makoloni ilipoleta kanuni mpya. Na kwa kanuni hiyo mpya neno la Wanormani likashuka Mombasa na Dar es Salaam. Limo hadi leo katika Kanuni ya Adhabu ya Kenya, Sura ya 63, na katika Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, Sura ya 16: “maim”. Lakini maana yake imepanuka mno. Sasa ni kuharibiwa, au kulemazwa kwa kudumu, kwa kiungo chochote cha nje au cha ndani, au hisi yoyote. Figo imo. Wengu umo. Kusikia kumo, kuona kumo, kunusa kumo. Upanga haumo.

Mkenya aliyewahi kupigwa na kwenda kuripoti anaijua fomu P3. Mtanzania anaijua ndugu yake, PF3. Katika P3 daktari hutakiwa kutaja kiwango cha jeraha kwa moja ya maneno matatu: madhara, kulemazwa, au madhara makubwa, na maana za maneno hayo zimechapishwa kwenye fomu yenyewe. Jibu la daktari hapo lina uzito mkubwa. Kenya, shambulio la kudhuru mwili chini ya kifungu cha 251 lina kifungo cha hadi miaka 5. Kumsababishia mtu madhara makubwa, ambayo ndani yake mna kulemaza, chini ya kifungu cha 234, kunaweza kumpeleka mtu gerezani maisha. Tanzania, kosa hilohilo la madhara makubwa, chini ya kifungu cha 225, lina miaka 7. Ukiipokea P3 yako kutoka kwa daktari, soma alichokiandika katika sehemu hiyo kabla hujairudisha kituoni, na kama sikio lako halisikii tena tangu siku ile, mwambie akupime usikivu, kisha aandike.